Aliyecheka Kabla ya Mwisho

Katika ukumbi ule wa ghorofani, juu ya duka la misumari na mabati, watu walimjua mama yake Sindano kuliko walivyomjua Sindano mwenyewe. Sindano ndiye aliyepanda jukwaani kila Jumamosi alasiri kuchekesha watu, maiki mkononi, nyuzi zimemganda kwenye sketi kwa sababu alitoka moja kwa moja kwenye cherehani. Lakini kicheko kilianzia kwa mama. Mama alikuwa na kiti chake, safu ya tatu, ubavuni mwa nguzo. Wengine wote walikalia plastiki. Mama, mwenye ukumbi alimpandishia kiti cha mbao chenye mikono kutoka ofisini kwake, kwa ajili ya kiuno chake kibovu. Hapo aliketi, mkoba mapajani, viatu amevivua kidogo visigino vipumue, na kabla Sindano hajafika mwisho wa mzaha, mama alicheka.

Si baada. Kabla. Neno lenyewe likiwa bado kooni mwa binti, mama keshapiga paja, keshatupa kichwa nyuma, na kicheko kimemtoka chenye mkwaruzo, kama bati linaloburutwa sakafuni. Watu walimcheka yeye kwanza. Halafu mwisho wa mzaha ukawakuta vinywa viko wazi tayari, wakacheka tena. Chumvi, mshereheshaji wa pale, mtu asiye na haya hata ya dawa, alizoea kusema, "Dada, wewe unapika tu. Mwenye moto ni mama yako."

Mambo hayo yalikuwa na mwanzo wake. Mara ya kwanza kabisa Sindano aliposimama pale, hakucheka mtu. Alisema mzaha wake, akasema wa pili, na kimya kikamshukia kama shuka lililoloa. Alishuka jukwaani akatapika nyuma ya makreti ya soda. Kimya kile kilimkaa mwilini kama homa, hata mguu ukawa unamtetemeka kwenye cherehani. Jumamosi iliyofuata mama yake alivaa gauni lake zuri, akapanda zile ngazi akiguna kila hatua, akakaa safu ya tatu. Tangu siku hiyo Sindano hakukisikia tena kimya.

Watu walidhani mama alicheka mapema kwa kuwa aliisikia mizaha yote nyumbani. Kuisikia, aliisikia kweli. Sindano hakuwa mtu wa kuandika. Mizaha yake aliijaribu kwa sauti jikoni, akimenya vitunguu au akisugua sufuria, na mama akiwa amejinyoosha chumbani kwake, mlango wazi, mto umeshindiliwa chini ya kiuno.

"Rudia hapo," mama angeita. "Hapo pa mwenye nyumba. Usimharakishe, mwache apande ngazi kwanza."

Kisha mama akaugua, akalazwa, akafa. Alifia wodi ya wanawake, mchana kweupe, saa ya kuona wagonjwa, na Sindano alikuwepo. Yaliyotokea pale kitandani hakumwambia mtu. Aliyeuliza alijibiwa, "Alilala tu," na watu wakasema hicho ni kifo cha neema. Wenyewe husema kifo cha wengi harusi, lakini hiki kilikuwa cha mmoja, na huyo mmoja hakulia. Alimimina chai, akapanga viti vya kukodi, akashukuru kila aliyekuja, macho makavu kama kiberiti.

Mama mdogo alimtazama, akamtazama tena. Mama mdogo huyu na marehemu walifanana kama nguo mbili zilizokatwa kwenye jora moja: paji lile lile, mwanya ule ule, hata namna ya kukunja mikono. Kicheko tu ndicho kilichowatofautisha. Mama mdogo alicheka puani, kwa kukwamakwama, kama mtu anayezuia chafya kanisani au msikitini.

"Mwanangu, lia. Chozi likikaa ndani linaoza."

"Litakuja, mama mdogo."

"Linakuja na basi gani? Mbona wenzake wote wameshafika?"

Watu walipotawanyika, Sindano alirudi ukumbini. Hilo nalo lilimkera mama mdogo.

"Udongo wa kaburi mbichi, wewe unakwenda kuchekesha walevi!"

"Pale hawauzi pombe, mama mdogo. Wanauza soda."

"Basi walevi wa soda!"

Jumamosi ile ya kurudi, kiti cha mbao kiliachwa kitupu kwa heshima. Lakini ukumbi ulijaa, na mwalimu mmoja wa hesabu, mwanamume mwembamba mwenye tai, akachelewa kuingia. Hakujua habari za kiti. Akakaa.

Sindano alikuwa na mzaha mpya wa mwenye nyumba anayekuja kukagua bomba. Aliutunga jikoni siku zile zile, kwa sauti, kama kawaida yake, na mlango wa chumba cha mama wazi kama kawaida yake. Hakuwa na moyo wa kuufunga. Basi akaenda nao vizuri, akamfikisha mwenye nyumba mlangoni, akavuta pumzi aseme neno la mwisho.

Kicheko kikatoka. Kabla. Kina mkwaruzo, bati juu ya sakafu.

Alikuwa mwalimu wa hesabu. Amepiga paja, ametupa kichwa nyuma, tai imemwangukia begani, na sauti inayomtoka si ya shingo nyembamba kama ile.  Neno la mwisho likampotea Sindano kabisa, wala hapakuwa na aliyelihitaji. Ukumbi ulishaanza kuvunjika mbavu.

Baadaye alimkuta mwalimu ameketi kwenye ngazi, mkono kiunoni, machozi yanamtiririka.

"Unaumwa, mwalimu?"

"Kiuno hiki. Kimenianza sasa hivi." Akajifuta kwa ncha ya tai. "Halafu nimemkumbuka binti yangu. Sijui kama amekula."

"Yuko wapi huyo binti?"

Mwalimu alimtazama usoni, akaendelea kumtazama, mpaka Sindano akaona vibaya.

"Sina mtoto," akasema polepole. "Hata kuoa sijaoa."

Jumamosi nyingine alikaa msichana anayeuza simu duka la mkabala. Kicheko kile cha mwanamke mzima kilipomtoka, marafiki zake walisogea mbali naye. Alipokuwa akiondoka alimpita Sindano mlangoni, akamgusa kola kama anayeondoa uzi, akasema, "Leo umekwenda taratibu. Ndivyo." Kisha akashtuka, akaomba radhi, akakimbia.

Mara ya kwanza Sindano aliogopa. Mara ya pili aliogopa na kufurahi. Ya tatu ilipofika, hofu ilikuwa imebaki kidogo sana, kama chumvi mkononi baada ya kunyunyiza. Mama yupo! Anacheka! Tangu hapo akawa anawahi kufika, anasimama mlangoni kupokea watu kwa tabasamu. "Karibu, shikamoo mzee, karibu. Ukienda pale mbele, safu ya tatu, kuna kiti kizuri cha mbao." Alisema hivyo kwa wazee, kwa wajawazito, kwa yeyote mwenye uso wa upole. Mtego wa panya huwekwa kwa ukarimu kama huo.

Habari za waliokaa alizisikia, akazipitisha sikio hili zikatokea lile. Mwalimu alikuwa akinunua chakula cha watu wawili, anakiangalia mpaka kinapoa. Msichana wa simu aliacha kwenda kazini. Alishinda dirishani kwao na alipoulizwa anamngoja nani, alisema mwanangu anachelewa siku hizi, cherehani zitamwua.

"Dada," Chumvi alimwambia, kwa mara ya kwanza bila kucheka, "kile kiti kina mtu. Watu wanasimama ukutani na nafasi iko."

"Ni mbao tu, Chumvi."

"Hata jeneza ni mbao tu."

Na nyumbani, alipojaribu mizaha jikoni, alianza kusikia kitanda cha mama kikilia. Mlio mdogo, wa mtu anayegeuka ili asikie vizuri. Hakwenda kuangalia. Mtu akienda kuangalia hukuta kitu au hukuta hakuna kitu, na yeye hakuwa tayari kwa lolote kati ya hayo. Alikaza sauti kidogo, akaendelea kusugua sufuria.

Ikaja Jumamosi moja ya mvua nyepesi. Watu walijaa, harufu ya nguo mbichi kila mahali, na kiti cha mbao kitupu. Waliosimama ukutani walikiangalia kama mbwa asiyejulikana mwenyewe. Sindano alishapanda jukwaani alipoona mlango unafunguliwa na mama mdogo anaingia, mwavuli unadondosha maji, pumzi juu juu kwa ajili ya ngazi. Maneno ya mtaani yalikuwa yamemfikia, na alikuja kumshusha mwanawe pale kwa mkono au kwa sikio, lolote litakalokuwa jepesi. Lakini miguu ilimwuma. Akatafuta kwa macho mahali pa kupumzika kwanza, akaona kiti. Akakaa.

Sindano alipaswa kusema. "Mama mdogo, usikae hapo." Maneno ni hayo tu. Lakini alitazama safu ya tatu, ubavuni mwa nguzo, akaliona paji lile, mwanya ule, mkoba mapajani. Ulimi ukalala.

Akaanza mzaha wake wa bibi harusi na zipu. Mama mdogo alikuwa amekunja mikono, amekaza midomo, uso wa mtu aliyekuja kudai haki. Sindano akaendelea. Akafika pale ambapo mwisho huanza kunukia. Mikono ya mama mdogo ikafunguka. Mkono wa kulia ukapiga paja. Kichwa kikaenda nyuma, na bati likaburutwa sakafuni.

Kichwa kiliporudi, macho hayakuwa ya mama mdogo. Yalimtazama Sindano kama alivyotazamwa na mama siku aliposhona sare yake ya kwanza, ikatoka mkono mmoja mrefu kuliko mwenzake, na bado akasifiwa.

"Haya, mwanangu," yule mtu kitini akasema, sauti ya chini, lakini Sindano aliisikia vizuri. "Lete mwingine."

Na Sindano aliona jinsi mambo yatakavyokuwa. Mzaha mmoja, mwingine, mwingine tena, kisha atamshika mkono, watashuka ngazi pamoja, watakwenda nyumbani, na kitanda kile kitalia kwa sababu kuna mtu juu yake. Uso uko. Sauti iko. Nini kilichopungua?

Ndipo alipouona mkono wa kushoto. Mwili wote wa mama mdogo ulikuwa umelegea kwa furaha, ila mkono ule. Huo ulikuwa umekamata mkono wa kiti, vidole vimekakamaa, pete ya ndoa imeingia nyamani, kama mtu anayechukuliwa na maji ameshika mzizi. Mama mdogo alikuwa na mume nyumbani. Alikuwa na watoto wake mwenyewe wa kuwauliza kama wamekula.

Sindano aliishusha maiki, akaipandisha tena. Mizaha aliyoijaribu jikoni yote ilikuwa kichwani, imepangwa kama vitambaa rafuni. Aliiacha pale.

"Jamani," akasema, "leo nitawaambia mama yangu alikufaje."

Ukumbi ukashtuka. Pembeni, Chumvi alitikisa kichwa, acha, acha.

"Wodi ya wanawake, saa ya kuona wagonjwa. Mama ananiambia, mwanangu, nimechoka kusikiliza watu wakikohoa, nipe kitu kipya. Kipya sina. Nikamtungia pale pale. Nikamwambia, kuna mzee amekwenda kwa fundi, anataka suti. Suti ya nini, mzee? Anasema, suti ya kuzikiwa. Sasa fundi yule, kwa mazoea ya kazi, anavuta futi yake shingoni, anauliza: unaitaka lini?"

Kitini, kinywa kilianza kufunguka. Mkono wa kulia ulinyanyuka juu ya paja.

"Mama, ngoja."

Sindano alikuwa ameinua kiganja, kama askari wa barabarani. Watu walidhani ni sehemu ya mchezo.

"Ngoja nimalize, mama. Siku ile hukuningoja."

Mkono ulibaki hewani. Kinywa kilibaki wazi, kitupu.

"Maana alicheka hapo hapo, jamani. Mzaha niliutunga dakika ile, mwisho wake hata mimi mwenyewe sijaujua, mama keshacheka. Kumbe miaka yote sikujua. Nilidhani anacheka mapema kwa sababu anajua linalokuja. Hakujua kitu! Alikuwa anacheka tu nisije nikakaa peke yangu." Sauti ilimkwaruza, akaikohoa. "Akafumba macho. Nikasema, huyu leo anafaidi. Nikaendelea. Mzee anamjibu fundi: mwanangu, nimekuja kwako kwa sababu wewe ni fundi. Nikikwambia naitaka kesho, najua nina mwaka mzima wa kuishi."

Mtu mmoja nyuma alicheka, akajiziba.

"Mama kimya. Nikaona aibu. Nikasema nimeharakisha. Nikaurudia! Safari hii nikaweka na mikono. Nikatembea kama mzee, nikapima chuma cha kitanda kwa futi. Mgonjwa wa kitanda cha jirani anacheka ameshika mshono wake, ananiambia dada utaniua. Nesi akaja kutufukuza, naye akacheka. Wodi nzima wanacheka, isipokuwa mtu mmoja. Nikamwinamia, nikamwambia, mama, leo umenuna nini? Hapo nesi akaacha kucheka."

Akahamishia maiki mkono wa pili.

"Nilimchekesha maiti, jamani. Mara mbili. Na ile ya pili ilikuwa nzuri zaidi."

Kimya.

Kilikuja kama alivyokikumbuka, shuka lililoloa, kutoka kichwani mpaka vidoleni. Feni ililia juu. Chini dukani mtu alikuwa anakata bati kwa mkasi, taratibu, krak, krak. Nyuso zote zilimtazama, wala hapakuwa na hata mmoja uliojua ufanye nini. Mguu ulianza kumtetemeka. Alijua mzaha mwingine ambao ungemwokoa. Hakuusema. Hakutazama kitini, kwa sababu alijua akitazama ataomba. Alisimama ndani ya kile kimya kama mtu anayepimwa nguo, mikono mbali kidogo na mwili, akangoja.

Kikaendelea mpaka baridi yake ikaanza kuzoeleka. Mahali fulani upande wa ngazi ubao ulilia, na hewa ya ukumbi ikawa nyepesi ghafla, kama dirisha limefunguliwa.

Kisha mzee mmoja wa safu ya nyuma akatoa mguno, mguno ukageuka kicheko, na huyo mzee akawa anajipiga kifua huku anasema, "Mara mbili! Ee, mara mbili!" Jirani yake akaangua. Mwanamke mmoja alikuwa analia na kucheka pamoja, pua imejaa. Kikaenda safu kwa safu, kizito, cha watu ambao kila mmoja ana kitanda chake anachokikumbuka.

Wa mwisho kabisa alikuwa mama mdogo. Alifumba kinywa, akapepesa macho kama aliyetolewa gizani, akatazama mkono wake uliokuwa hewani akaushusha. Halafu puani mwake kikaanza kitu cha kukwamakwama, chafya inayozuiwa, na bega likamtikisika.

"Wewe mtoto!" akapayuka katikati ya ukumbi. "Wewe mtoto, unanichekesha msiba wa dada yangu! Mungu anakuona!"

Sindano alipokisikia kicheko kile cha puani, kisicho na bati hata kidogo, alielewa. Chozi likaja. Lilikuja na wenzake wote, mbele za watu, maiki ikiwa wazi, hata Chumvi ikabidi ampokee na kumshusha ngazi za jukwaa huku anawaambia watu, "Tulieni, tulieni, fundi anatoa jasho la macho."

Alipiga magoti mbele ya kiti cha mbao, akaweka kichwa mapajani mwa mama mdogo, juu ya mkoba.

"Kiuno kinakuuma, mama mdogo?"

"Kiuno changu kina nini? Magoti ndiyo mabovu, na hizo ngazi zenu za wendawazimu." Lakini mkono uliomshika mgongoni ulikuwa baridi, na baada ya muda mama mdogo aliinama, akasema sikioni mwake ili wengine wasisikie. "Nilikuwa nimepakatwa."

"Umepakatwa?"

"Kama mtoto. Nilikuwa nimekalia mapaja ya mtu, na mikono yake imepita ndani ya yangu. Sikuweza kushuka. Ulipomwambia ngoja, akangoja. Baadaye akaniweka pembeni, akasimama. Sikumwona. Nilisikia viatu vyake tu vikishuka ngazi, wala hakuwa anaguna."

Sindano aliinua uso. "Alisimama lini? Walipocheka?"

"Hapana," mama mdogo akasema, akimwondoa uzi mmoja kwenye kola. "Bado kimya. Hakungoja kuona kama watacheka."